Mwaka Nilioponzwa na Sori

Janelle alinipigia simu tukiwa kwenye matanga ya Anti Syombua, mchana, nyumba imejaa kina mama wa kanisa na masufuria ya chai. Sikuwa nimeisikia sauti yake kwa miaka mingi. Hakujitambulisha, hakuuliza habari. Alisema, "Sori, Mwende," akavuta pumzi, akasema tena, "Sori. Sori." Nikatoka nje upesi, nikasimama kando ya kamba ya nguo na simu sikioni, kwa sababu neno hilo ndilo lililokaribia kunimaliza nikiwa msichana, na sasa lilikuwa linarudi kutoka kinywani mwa yule yule aliyelishika likawa kesi. Mimi ni kocha wa mabinti siku hizi, magoti yangu yanalia nikipanda ngazi, na watu husema nina mdomo. Ni kweli ninao. Lakini mwaka ule mdomo huu ulisema neno moja dogo la huruma, likanitia taabuni kuliko matusi yote niliyowahi kuwatukana marefa. Nilizaliwa wapi na nani alinizaa si habari za hapa. Nataka kuusimulia mwaka huo tu.

Janelle alikuja Februari, jua la kuchoma, na viatu vingi kuliko duka. Kwao Marekani alikuwa nyota wa mpira wa kikapu wa chuo kikuu, tena si nyota wa kusifiwa kijiweni. Watu walijaza ukumbi kumtazama, na kulikuwa na mkahawa karibu na chuo chake uliotundika picha yake ukutani, akila bure siku yoyote atakayo. Halafu akamaliza chuo, na ligi kubwa ya kwao haikumchukua. Asiyechukuliwa huko huenda kucheza ng'ambo. Alianza na nchi moja ya baridi ambako, alisema, alikaa miezi bila kuona jua wala kucheka. Kisha klabu yetu ikamwita. Mimi nilipokuwa mdogo, ng'ambo ilikuwa kwao, kule ndege zinakoelekea. Sikuwa nimewahi kufikiria kwamba mtu anaweza kwenda ng'ambo na akashukia Nairobi.

Shida ni kwamba nafasi aliyokuja kucheza ilikuwa yangu. Mimi ndiye niliyekuwa mchezeshaji, anayeleta mpira juu na kuamua nani apewe. Na mpira ndio ulionipeleka chuo na kunipa kitanda. Klabu ilinilipia masomo na kuniweka katika nyumba ya wachezaji pale Hurlingham. Ukiondoka mpira, chuo kinaondoka, kitanda kinaondoka, na mimi narudi Kangemi kumenya viazi katika hoteli ya Anti Syombua, ile ya mabati yenye benchi mbili na kalenda ya kanisa. Nilimpenda Anti kwa moyo wote, lakini viazi vyake sikuvipenda hata kidogo. Kwa hiyo Janelle alipoingia na masanduku yake na kuniambia kwa uchangamfu kwamba tutalala chumba kimoja, nilitabasamu kama mtu aliyeletewa bili.

Nyumba ile ilikuwa ghorofa ya tatu, na ngazi zake nyembamba zilinukia chapati za jirani wa chini. Chumba chetu kilikuwa na vitanda viwili na dirisha moja, na tuligombana juu ya kila kitu. Janelle aliacha swichi ya shawa ikiwaka mchana kutwa, ile yenye taa nyekundu, na mimi nikawa napita nikiizima na kusonya. Alikula nafaka za pakiti kwa maziwa baridi, amesimama kwenye sinki kama askari wa zamu. Chai yangu ya maziwa aliionja mara moja akauliza kwa nini nimechemsha maziwa. "Kwa nini usichemshe?" nikamuuliza, naye akarudi kwenye nafaka zake. Uwanjani alikuwa mzuri. Mzuri wa kuudhi! Alikuwa akitoa pasi bila kutazama, na mpira unafika mikononi mwa mtu kabla mwenyewe hajajua kwamba ameachwa peke yake. Jioni moja nilikuwa jikoni nampigia Anti simu, nimekasirika, nikasema, "Huyu dem ataniona." Kumbe Meneja Gathogo alikuwa amesimama mlangoni, amekuja kuangalia bomba. Alitabasamu tabasamu lake la suti, akasema, "Aki Mwende, punguza moto," akashuka zake. Sikumfikiria tena.

Masika yalipoanza, tukaanza na kazi ya karai. Paa la ukumbi wetu wa mazoezi, pale nyuma ya Adams Arcade, lilivuja juu ya kikapu cha upande wa kulia, na kila mchezaji alilijua tundu lile kama anavyolijua jino lake bovu. Mvua ikinyesha tuliweka karai. Mazoezi yakianza tunaondoa karai, tunapangusa, tunacheza, tunapangusa tena. Meneja aliambiwa na nahodha, akaambiwa na mimi, na kila mara alisema fundi yuko njiani. Fundi wa Nairobi yuko njiani siku zote. Alasiri ile mvua ilikuwa inapiga mabati hadi tunapigiana kelele ili kusikizana. Janelle alikuwa anashambulia, mimi namlinda. Aliruka, nikaruka naye nyuma yake, mkono wangu juu hewani. Alipotua, mguu ulikwenda na maji na goti likabaki. Nilisikia kitu kikikatika ndani ya goti lile, na mpaka leo sipendi mtu avunje mfupa wa kuku karibu nami. Nikajitupa chini, nikamshika kichwa kisigonge sakafu, nikasema kile ambacho mtu yeyote aliyelelewa hapa angesema. "Sori! Sori, Janelle! Sori!" Akanitazama kwa macho makali. Nilidhani ni maumivu.

Siku chache baadaye niliitwa ofisi ya klabu, iliyokuwa juu ya maduka pale Adams. Walikuwepo Meneja Gathogo, nahodha, wachezaji wawili, na kocha wetu Goran, Mzungu wa kutoka Ulaya ambaye Kiingereza chake kilikuwa cha kuazima kama changu. Goran alisema Janelle yuko hospitali na ametoa maelezo. Amesema nilimsukuma mgongoni akiwa hewani, kisha nikamwomba msamaha pale pale. "Sikumsukuma," nikasema. "Kulikuwa na maji. Hilo paa—"

"Mwende, wacha tusizungushane," Meneja akanikatiza. "Ulimwambia sori ama hukumwambia?"

"Nilimwambia."

"Mara moja?"

"Si hata tatu? Kwani nani anahesabu? Meneja, mimi naongea juu ya maji!"

"Mimi sijakuuliza mambo ya maji." Akamgeukia Goran, akabadilisha lugha. "Kocha, umesikia. Amekubali mwenyewe. Na mimi kwa masikio yangu nilimsikia jikoni akisema msichana huyu atamwona."

Mjue kwamba sikuelewa. Mpaka leo naona aibu kwa jinsi nilivyokuwa mzito. Nilidhani wananiuliza kama nilimhurumia Janelle, na kwa nini nikane? Ningekana ndio ningekuwa mnyama. Kwetu mtu akijikwaa unamwambia sori, mtoto akipaliwa unamwambia sori, jirani akinyeshewa ukiwa umekaa kwako na blanketi, utamwambia sori na wala si wewe uliyeleta mvua. Ni pole tu iliyovaa nguo za Kizungu. Hao wasichana wenzangu walijua hivyo hivyo, lakini walikuwa wakiangalia viatu vyao, na Goran hakujua. Gathogo alijua. Alizaliwa mji huu, akakulia mji huu. Lakini sori yangu ilikuwa inaziba tundu la paa kuliko bati lolote, na hakuwa na haja ya fundi tena. Wakasema uamuzi utatolewa Ijumaa ya wiki iliyofuata, Janelle mwenyewe akiwepo. Ikithibitika, natoka kwenye timu, na nyumba ya Hurlingham narudisha ufunguo. Mpaka hapo nisikanyage mazoezini. "Na kwa vile hauna kazi," Meneja akaongeza, "wewe ndiye utakuwa unampeleka kliniki."

Nimeishi na watu wagumu, lakini wiki ile sitaki hata adui yangu aipitie. Janelle alirudi na magongo mawili na goti lililofungwa, akalala ameupa ukuta uso. Nilipika ndengu, nikamwekea sahani kando ya kitanda, nikaikuta vile vile, imeota ngozi juu. Usiku nilimsikia akizungumza na mama yake kwa simu, kwa sauti ya chini, akisema ana miaka ishirini na sita na hajui kama kuna klabu itakayomtaka na goti hilo, kwamba yote aliyoyafanya tangu akiwa mtoto ni kudunda mpira. Nilimwonea huruma, na papo hapo nilimchukia, maana huyo huyo ndiye aliyeshika maisha yangu mkononi. Asubuhi tulipoanza kushuka ngazi kwenda kliniki, nilisimama nyuma yake, kama unavyofanya kwa mgonjwa, ili akiteleza nimdake. Akasimama. Akasema bila kugeuka, "Tangulia wewe. Sitaki uwe nyuma yangu." Nikatangulia. Nilishuka ngazi zote hizo nikisikia magongo yakigonga nyuma yangu, taratibu, na machozi yananitoka kwa hasira.

Hiyo ndiyo ikawa sheria yetu kila siku, kushuka na kupanda. Halafu siku ya Jumatano, tukitoka kliniki kwenye Waiyaki Way, teksi ikachemka. Moshi mweupe ukatoka mbele, dereva akafungua boneti akaanza kuilaumu serikali. Tulikuwa Kangemi, mkabala na soko. Janelle hakuwa amekula tangu jana yake, uso wake ulikuwa rangi ya majivu, na hoteli ya Anti ilikuwa ng'ambo tu ya vibanda vya mitumba. "Twende tukakae kwa shangazi yangu," nikamwambia. "Ama ubaki hapa na huyu." Akamwangalia dereva, akaangalia barabara, akachukua magongo yake. Nikatangulia mbele, kama sheria ilivyosema.

Ilikuwa siku ya soko. Nilikuwa nimezama katika mambo yangu, sikusikia kitu kigeni, kwa sababu hakikuwa kigeni kwangu. Mwanamke wa vitunguu akasema, "Woiye, sori siste." Mwanamume wa mkokoteni aliusimamisha mkokoteni wake wote na mzigo wa kabichi kutupisha, akasema, "Sori, sori, pole pole hapo kuna shimo." Fundi wa viatu akainua kichwa, "Sori mrembo." Wasichana wawili wa shule, sare na mifuko mgongoni, wakasema pamoja, "Sori!" Mama Wanjiru wa viazi, ambaye alishajua kutoka kwa Anti kwamba nina mgeni, akaita kutoka mbali, "Njeri! Sori, mami, sori!" kwa sababu jina la Janelle lilimshinda, na la karibu alilokuwa nalo lilikuwa Njeri. Nikasikia magongo yameacha kugonga. Nikageuka. Janelle alikuwa amesimama katikati ya njia, watu wanampita pembeni, naye anawatazama mmoja mmoja.

"Mwende," akasema. "Hawa watu wananijua?"

"Watakujulia wapi?"

"Basi kwa nini wananiomba msamaha?"

"Nani anakuomba msamaha? Wanakupa pole. Umeumia, si wanaona?"

"Wanasema sori."

"Ndiyo. Sori. Pole. Ni kitu kimoja."

Uso wake ulibadilika polepole hadi nikaogopa anataka kuanguka. "Kwa hiyo," akasema, "hawa wote hawajanisukuma."

Ngai! Hapo ndipo nilipoelewa mimi pia. Nilisimama pale katika matope ya Kangemi, mdomo wazi, nikiona wiki nzima ikijipanga upya kichwani: ofisi, lile swali la ulisema ama hukusema, wenzangu wakiangalia viatu, tabasamu la Gathogo. Nilikuwa nimepigana juu ya maji, nikapigana juu ya paa, na kumbe nilikuwa nimenyongwa na neno. Nilitaka kucheka, nilitaka kumtwanga mtu na kiazi. Janelle akasema kwa sauti ndogo kwamba kwao mtu hufundishwa asitamke neno hilo hata akikugonga na gari, maana ukilitamka umekiri. Nikageuka, nikaendelea mbele kuelekea hotelini. Niliogopa kwamba nikifungua mdomo huu wangu nitaharibu.

Anti Syombua alitutazama tukiingia, akafuta mikono kwenye kanga, akamwambia, "Sori, mama." Kisha akasimama mbele yake, akingoja. Janelle akanitazama. "Mwambie anajibu asante," Anti akaniambia kwa Kiswahili. "Nikimpa mtu sori na asijibu, najua hajaichukua, imeanguka chini hapo. Nani ataiokota?" Nikatafsiri. Janelle akasema, "Asante," vibaya, ikiwa na pua nyingi ndani yake, na Anti akaridhika, akampakulia muthokoi, ile ya mahindi yaliyokobolewa na maharagwe, sahani ya kumtosha mbeba mizigo. Akala. Akala akaongezwa. Mimi sikuweza kumeza hata kidogo, kwa sababu katika kula kote huko hakuniambia neno. Alimsifu Anti, alicheka na Mama Wanjiru aliyekuja kumwona Njeri, akanywa chai ya maziwa yaliyochemshwa bila kuuliza. Njiani kurudi, kimya. Kwenye ngazi za Hurlingham nilitangulia mbele, naye hakunizuia. Alhamisi, kimya. Nilipanga nguo zangu katika mfuko usiku huo, nikijisemea kwamba mtu anaweza kuijua kweli na bado asiiseme, ikiwa kuisema kunamgharimu. Alikuwa mgeni, goti limekatika, na klabu ndiyo iliyokuwa inalipa daktari wake. Mgeni njoo, mwenyeji apone, wahenga walisema, lakini wahenga hawakuwa na mikataba.

Ijumaa ofisi ilijaa. Meneja alikuwa amevaa tai. Goran akamwomba Janelle aeleze kwa maneno yake mwenyewe, naye akainuka juu ya magongo yake, akasema, "Nilipoanguka, Mwende aliniambia sori. Mara tatu." Nikafumba macho. Nikaona benchi za Anti, nikaona viazi, nikaona karo ya chuo ikiruka dirishani. Meneja akasema, "Asante sana, nadhani hilo linatosha," na sauti yake ilikuwa tamu kama ya mtu anayefunga ibada. Wakati huo huo gongo moja la Janelle likamtoka kwapani. Lilianguka kwenye sakafu ya vigae kwa kishindo kilichomshtua kila mtu, naye akayumba, akashika meza.

"Oh, sori! Sori, sori!" Meneja Gathogo akaruka kutoka kitini, akaliokota gongo, akampa kwa mikono miwili. "Shika, dada."

Janelle akalipokea. Hakulitia kwapani. "Bwana Gathogo," akasema, "umenifanyia nini?"

"Mimi? Sijakufanyia kitu! Si limeanguka lenyewe?"

"Lakini umeniomba msamaha. Mara tatu, nimehesabu. Watu wote hapa wamekusikia."

Nahodha ndiye aliyeanza. Alicheka kwa pua, akajizuia, akashindwa. Kisha chumba kizima kikalipuka, hata mama wa chai mlangoni, na Gathogo amesimama katikati na tai yake, mdomo unafunguka na kufungika. Goran peke yake hakucheka. Alikuwa akimtazama Meneja, kisha mimi, kisha Meneja tena, kama anayerudisha mkanda nyuma, na akauliza kwa kile Kiingereza chake cha kuazima, "Hiyo ni tabia ya hapa? Kila mtu?" Nahodha akasema, "Kila mtu, Kocha. Toka kuzaliwa." Janelle akakaa chini. "Sikuhisi mkono wowote mgongoni," akasema. "Nilisikia neno, nikajazia mkono mwenyewe. Sasa naomba tuzungumze juu ya paa." Nami, mwenye mdomo, nikajikuta nalia kwa kwikwi mbele ya watu wote, sina hata leso.

Fundi alikuja wiki hiyo hiyo. Kumbe hakuwa mbali. Lakini kinachonirudia si fundi wala uso wa Gathogo. Tulipotoka ofisini tulifika kwenye ngazi za kushukia, nami nikatangulia mbele, maana mwili ulishazoea. Janelle akanishika bega. "Wewe pita nyuma," akasema, akaanza kushuka. Nikashuka nyuma yake, mikono yangu imetanuka kila upande bila kumgusa, mpaka chini.

Aliondoka kabla mwaka haujaisha, goti likiwa bado halijapona. Nilirudi katika nafasi yangu, na sikuifurahia nilivyokuwa nimedhani nitaifurahia, kwa sababu nilikuwa nimeshaona inavyochezwa. Yeye alikaa msimu mzima bila kucheza, halafu akapata klabu katika nchi ya baridi, kisha nyingine, misimu minne mitano, hakuwa tena yule wa kuruka lakini pasi zake hazikuzeeka. Sasa anafundisha wasichana wa shule kwao, kama mimi. Nilimuuliza siku ya kumsindikiza uwanja wa ndege kama gongo lilimponyoka kweli. Akaniambia yeye ni mchezeshaji, mpira haumponyoki. Kisha tukaandikiana, kisha tukaandikiana kwa nadra, kisha tukanyamaza bila ugomvi, kama watu wanavyonyamaza. Sijui nani alimpa habari za Anti.

Nilisimama pale kando ya kamba ya nguo, kina mama wanaimba ndani, na Janelle hakuongeza neno. Hakusema maneno ya faraja, hakuuliza aliumwa nini. Alikuwa amesema sori zake tatu na sasa amenyamaza, nami namsikia akipumua, mbali huko, na nikajua kwamba hajakosa la kusema. Anangoja, vile alivyofundishwa na Anti mwenyewe, aliyelala sasa. Nikajikaza, sori yake isije ikaanguka chini.

"Asante," nikamwambia. "Asante, Njeri."